Nilimnyima Dada Yangu Karatasi ya Kuilinda Mashine

Nimekosa. Sisemi tumekosa, wala sisemi shetani alinipitia. Shetani wa watu siku hiyo hakuwapo hata Kibiti. Kazi yote niliifanya mwenyewe, tena kwa mwandiko mzuri.

Sogea karibu, ndugu msomaji, nikueleze taratibu. Usiogope maneno ya sheria utakayokutana nayo humu; si magumu, yanataka subira tu, na mimi nitakwenda nawe hatua kwa hatua. Kueleza nimejaliwa. Ndiko kulikoniponza.

Kwanza unijue. Nilikuwa mzee wa baraza wa mahakama ya mwanzo. Mzee wa baraza ni raia wa kawaida tu anayekaa pembeni ya hakimu, anasikiliza kesi ya kuku aliyeibwa na mihogo iliyopandwa nje ya mpaka, halafu anatoa maoni yake. Nilikaa pale misimu miwili. Misimu miwili, bwana! Nikatoka naijua sheria yote, ya nchi kavu na ya majini. Mtu akipata barua ya serikali, ananiletea nimsomee. Mtu akigombana na mkwewe, anakuja kwangu. Kibiti ikawa haina haja ya wakili, maana ilikuwa na mimi.

Dada yangu mdogo nitamwita Zuhura, ingawa si jina lake. Mumewe alikuwa mfanyabiashara wa mpunga. Ruksa ilipoingia, biashara ikaachiwa watu binafsi na ushirika ukaanza kuuza mali zake, yeye na rafiki yake walinunua ghala moja kuukuu kando ya barabara ya Kilwa, wakafunga ndani yake mashine ya kukoboa. Rafiki huyo Zuhura alimwita Shemeji, kama ilivyo desturi yetu kwa rafiki wa mume, na sisi wote tukazoea kumwita Shemeji. Mali ilikuwa nusu kwa nusu. Mpunga ulikuja kutoka Umwe, ulikuja kutoka Chumbi, na hata ule wa delta uliteremshwa Nyamisati, ukapandishwa gari, ukaja kukobolewa kwao.

Na mkataba wao nani aliuandika? Mimi hapa! Nilikaa na mpiga chapa tangu asubuhi hadi adhuhuri, namsomea neno kwa neno. Nikaweka na kifungu ambacho mpaka leo nakijua kwa moyo: "Mgogoro wowote wa mali hii utaamuliwa na wasuluhishi watatu, na si mahakama." Yaani kila upande unachagua mtu mmoja, hao wawili wanamchagua wa tatu, na watakachoamua kinawabana wote.

Ni utaratibu mzuri, nauunga mkono mpaka leo. Watu wa biashara wanamalizana bila kuzeekea kwenye mabenchi ya mahakama. Kifungu hakikuwa na ubaya. Ubaya ulikuwa kwenye kichwa kilichokitunga.

Mume wa Zuhura aliugua, akafariki, akamwacha na watoto. Zuhura akaingia eda. Kwa asiyejua, mjane wa Kiislamu hukaa nyumbani miezi minne na siku kumi. Hata mwezi haujatimia, Shemeji akaja kutoa pole kwa mara ya pili, safari hii ana karatasi mkononi. Karatasi inasema marehemu, alipokuwa kitandani, alimwachia Shemeji nusu yake yote. Chini yake kuna alama ya dole gumba.

"Dole?" Zuhura akauliza. "Mume wangu aliyekuwa akiandika daftari la mashine kila siku, apige dole?"

"Maradhi, shemeji yangu," Shemeji akajibu kwa huzuni ya kupendeza. "Mkono ulikuwa hauna nguvu tena."

"Ila gumba ndilo lilikuwa na nguvu?"

Mimi nilikuwapo. Badala ya kucheka, au kulia, nikakohoa na kusema: "Tulieni. Mkataba upo. Tutakwenda kwa wasuluhishi." Loo, nilivyolitamka neno hilo!

Kwa kuwa Zuhura alikuwa edani, mimi kaka yake ndiye niliyesimama badala yake. Tukakutana barazani kwa mmoja wa wale wawili waliochaguliwa, tuanze shauri. Nikaomba isomwe Fatiha. Ikasomwa. Nami nikasimama bila ya kuombwa na mtu, nikatoa hotuba: "Upande wetu tunaahidi mbele ya Mungu na mbele yenu, hatutakanyaga mahakamani."

Watu wakaitikia amina. Shemeji akainuka, akanikumbatia.

"Huyu ndiye hakimu!" akasema. "Hao wengine wamevaa majoho tu."

Tangu siku ile hakuniita jina langu tena. Akiniona ng'ambo ya barabara: "Hakimu, salama?" Na mimi, Mungu anisamehe, naitikia!

Sasa sikiliza. Wasuluhishi wawili walimchagua wa tatu, mtu wa Chumbi, mwadilifu kwelikweli. Shida yake ilikuwa moja: mpunga wake ulikuwa umeiva. Akatuma salamu kwamba atakuja akishavuna. Haki ya dada yangu ikawa inasubiri zamu yake nyuma ya ndege waharibifu.

Wakati huo funguo za ghala anazo nani? Shemeji. Mashine anaiendesha nani? Shemeji. Zuhura aliyaona hayo akiwa ndani, mimi niliyekuwa nje nikizunguka mji mzima sikuyaona.

"Kaka," akaniambia siku moja, anapeta mchele kwenye ungo, hata hakuinua uso, "hao watatu mpaka wakutane, watakuta nini cha kuamua?"

"Wataamua mali."

"Mali ipi? Mashine ina bolti nne tu, kaka. Miye nilikuwapo ikifungwa. Siku moja inatosha kuifungua. Nenda Dar ukamwone wakili. Miye siwezi kutoka, weye ndiye miguu yangu."

Weye ndiye miguu yangu! Na miguu ikaenda.

Wakili alikuwa mama wa makamo, ana miwani inayoning'inia kwa kamba shingoni. Ofisi yake ndogo, feni inazunguka kwa kulalamika. Nikaketi, nikakunja nne, nikaanza kumwelimisha.

"Mama, mkataba huu unasema si mahakama. Mimi ndiye niliyeuandika."

Akausoma mpaka mwisho. "Umeandika vizuri, mzee wangu. Lakini umekataza mahakama isiamue ugomvi. Hatuendi kuiomba iamue."

"Sasa tunakwenda kuiomba nini?"

"Tuseme mnagombea mbuzi. Mnabishana ni wa nani, na mmewaita watu watatu wawaamulie. Wakati mnawasubiri, mmoja wenu ameshika mbuzi, na kisu kipo jikoni. Mahakama haitauliza mbuzi ni wa nani, hiyo ni kazi ya watu wenu watatu. Yenyewe itamfunga kamba tu. Asichinjwe, asiuzwe, asihamishwe, mpaka wao wamalize. Hilo linaitwa zuio la muda. Wakishaamua, kamba inafunguliwa."

"Na wasuluhishi hawatakasirika?"

"Wakasirike kwa nini? Unawalindia kazi yao. Bila mbuzi watakaa wajadili harufu ya mchuzi."

Akanieleza na yale ambayo hakimu huyaangalia. Kwanza, kuna ugomvi wa kweli, au mtu anatafuta kumsumbua mwenzake tu? Akaitazama ile nakala ya dole gumba, akatabasamu. Pili, mali ikiondoka, hasara yake inaweza kurudishika baadaye, au ndiyo basi tena? Tatu, nani ataumia zaidi: dada yangu zuio likikosekana, au huyo bwana zuio likitolewa? "Yeye zuio halimfungii mashine. Ataendelea kukoboa, ila hataing'oa wala kuiuza. Ataumia wapi?"

Akapiga chapa karatasi palepale. Moja ni kiapo cha Zuhura. "Atie sahihi mbele ya mtu anayeruhusiwa kuapisha watu. Eda si kizuizi, mtu huyo anaweza kumfuata nyumbani. Nirudishie wiki hii hii. Mwenye mbuzi mkononi hana subira."

Je, nilielewa? Nilielewa vizuri sana! Ndiyo maana nakuandikia. Kama nisingeelewa, ningekuwa mjinga tu, na ujinga mtu hautubii gazetini.

Nikarudi Kibiti na bahasha kwapani. Kushuka tu, nani yuko stendi anakunywa kahawa? Shemeji, na watu wake watano sita.

"Hakimu! Umetoka mjini?"

"Kidogo tu."

"Nasikia wapo wanaotaka kukimbilia mahakamani." Akasema kwa sauti, watu wasikie. "Nikawaambia, labda wengine, Hakimu wangu hapana. Mkataba aliuandika yeye. Fatiha aliomba yeye isomwe. Leo atoke yeye huyohuyo aivunje? Watu watamwitaje?"

"Watamwita Hakimu wa chenga!" mmoja akadakia, na kikombe cha kahawa kikamponyoka kwa kucheka.

Chenga, ule mchele uliovunjika! Wote wakaangua kicheko. Na mimi nikacheka nao. Bahasha nikaisukuma ndani zaidi ya kwapa, kama mwizi wa kuku.

Hapo ndipo palipokuwa na njia mbili, ndugu yangu. Moja inakwenda nyumbani kwa Zuhura. Nyingine inakwenda kwangu, kwenye sanduku langu la bati. Umekwisha jua niliifuata ipi.

Nikaiweka bahasha chini kabisa ya nguo. Kisha nikaenda kwa Zuhura nikiwa mikono mitupu.

"Wakili kasemaje?"

"Kasema hakuna haja. Usuluhishi ukishaanza, mahakama haina mkono."

Akaacha kupeta. "Kasema hivyo?"

"Kwa kinywa chake."

"Na huyo ni wakili kweli?"

"Zuhura, sheria ina mambo yake. Acha nikueleze…" Nikamweleza! Nilimweleza mpaka alasiri. Nilitaja vifungu, nilitaja kiapo, nilitaja Fatiha. Uongo mmoja nikaujengea nyumba ya vyumba vitatu na baraza. Mwisho akasema, "Basi, kaka. Weye ndiye unayejua."

Kisha nikamwandikia wakili barua fupi, yenye heshima zote: "Dada yangu ameshauriwa vya kutosha na amekataa kutia sahihi." Ameshauriwa vya kutosha! Dada yangu karatasi zile hakuziona hata rangi.

Nyumba ya Zuhura haiko mbali na ghala. Ule mlio wa mashine aliusikia kila siku alipokuwa ndani, na nadhani ulikuwa ukimliwaza, kama vile mumewe yuko kazini. Siku moja mchana nilipopita kumjulia hali, nikamkuta amesimama dirishani.

"Mashine hailii."

"Itakuwa inapumzika."

"Leo siku ya tatu. Wakati wa mavuno, kaka, mashine inapumzika?"

"Inafanyiwa sevisi," nikasema. Sikuwa nimeuliza mtu. Jibu lilikuja lenyewe tu, maana mimi majibu huwa sikosi.

"Nenda kaangalie."

Nikaenda. Mlango wa ghala umefungwa. Nje kuna alama za magurudumu ya lori na michirizi ya oili inayokwenda mpaka barabarani. Shemeji alikuwa pale pale, ananawa mikono.

"Injini imekwenda kufanyiwa sevisi, Hakimu," akasema.

Alhamdulillah, nilikuwa nimepatia! Hebu fikiria furaha yangu. Nikarudi kumwambia Zuhura kwamba nilimwambia. Akarudi dirishani.

Miezi minne na siku kumi ikatimia. Siku Zuhura alipotoka eda, kabla hata ya kwenda kuwazuru watu, alikwenda ghalani. Nikamfuata nyuma, namweleza njiani.

Mlango ulikuwa wazi. Ndani kulikuwa na mafundi wanapaka chokaa. Mfanyabiashara mmoja mgeni, mtu mstaarabu tu, akatukaribisha. Ghala na kiwanja alikuwa amenunua kwa Shemeji, na karatasi zake akatuonyesha: mkataba wa zamani, karatasi ya dole gumba, na hati ya mauzo. Mashine? Hakuikuta. Alisikia tu ilipelekwa Nyamisati, ikapakiwa chomboni kwenda kusini, na mwenyewe Shemeji akaifuata. Hakuna aliyemzuia. Angezuiwa na nani?

Sakafuni kulikuwa kumebaki lile zege, na bolti nne zimesimama. Zuhura akachuchumaa, akaishika moja, akaizungusha kwa vidole. Ilikuwa imelegezwa taratibu, bila haraka, na mtu aliyejua kwamba ana muda wa kutosha.

"Mama, pole," yule mgeni akasema. "Kama ningekuta zuio lolote nisingenunua. Niliuliza mahakamani kama kuna kesi. Wakaniambia hakuna."

Aliuliza, msomaji! Mtu baki, kutoka mbali, alifanya alichoshindwa kaka wa tumbo moja.

Usidhani wasuluhishi walituangusha. La! Mtu wa Chumbi alimaliza kuvuna, akaja, wakakaa wote watatu, Shemeji hayupo lakini yule aliyemchagua yupo. Walifanya kazi safi. Waliweka ile karatasi ya dole kando ya daftari zenye mwandiko wa marehemu, waliwaita waliomuuguza, wakauliza kila kitu. Uamuzi wao ulikuwa mmoja: karatasi si ya kweli, nusu ya ghala na nusu ya mashine ni ya Zuhura na watoto wake.

Tulishinda! Hongera zetu! Nusu ya mashine isiyojulikana iliko ni mali nzuri sana: haili dizeli, haihitaji fundi, haipati kutu. Uamuzi umeandikwa vizuri, una sahihi tatu. Zuhura ameufunga kwenye mfuko wa plastiki usilowe.

Yeye hakukata tamaa. Safari hii hakutuma miguu ya mtu, alikwenda Dar mwenyewe, kumwuliza yule wakili kama lipo linaloweza kufanyika kwa mnunuzi. Wakili akafungua jalada lake. Kesi ya namna hiyo, akasema, sasa ni ndefu na ngumu, maana aliyenunua anasema hakujua. Halafu akamwambia kwa upole: "Nilisikitika sana ulipokataa kutia sahihi kile kiapo."

"Nilikataa nini?"

Wakili akamwonyesha barua yangu. Mwandiko mzuri.

Nilikuwa barazani aliporudi. Hakupiga kelele. Laiti angepiga kelele! Alisimama pale chini ya ngazi na mkoba wake mkononi.

"Karatasi ziko wapi, kaka?"

Nikaingia ndani, nikafungua sanduku, nikamletea. Akazifunua moja moja akiwa wima. Akafika pale penye mstari mtupu uliokuwa unasubiri sahihi yake, akaweka kidole juu yake.

"Hapa tu?"

"Zuhura mdogo wangu, ngoja nikueleze. Unajua pale stendi siku ile watu…"

"Usinieleze."

Akazikunja, akaondoka.

Sasa Zuhura yuko delta, Kiongoroni, kwa watu wa marehemu mumewe, analima mpunga. Mpunga wake anaukoboa kwenye mashine ya mtu mwingine, anapanga foleni kama wengine. Akija Kibiti ananiamkia, "Shikamoo, kaka," naitikia, anapita. Barua zake zote anampelekea jirani yangu muuza vitumbua amsomee. Mama yule aliishia darasa la nne, anasoma kwa kufuata kidole na kurudia kila neno mara mbili. Zuhura anakaa pale mpaka amalize, mita ishirini kutoka kwenye baraza langu.

Hiyo ndiyo hasara yangu. Ghala lilikuwa la dada yangu, sikuwa na hata bati moja mle. Kilichokuwa changu ni yeye.

Ninyi mnaoingia biashara za ubia siku hizi, nawaomba mnisikilize. Andikeni kifungu cha usuluhishi, ni kizuri, msiogope. Lakini siku ugomvi utakapozuka, kabla hamjahesabu wasuluhishi, ulizeni mali iko mikononi mwa nani. Kama haiko mikononi mwenu, kaombeni zuio la muda, na kaombeni mapema. Hamtakuwa mmevunja mkataba wala kumtukana mtu. Anayewaambia ni aibu, mtazameni vizuri, huenda spana iko mfukoni mwake.

Na weye unayeaminiwa na ndugu zako, unayesomea watu barua, unayesimama badala ya mjane, ya mgonjwa, ya aliye mbali: ukikabidhiwa karatasi ya mwenzio, mpelekee. Usimchujie, usimfupishie. Hata kama una hakika kwamba atakataa, mpe kalamu, akatae mwenyewe.